Barabara ya Embu hadi Meru na Watu Walioichimba

Kwa kuwa wengi wetu tuondokapo Kaaga kwenda kazini twaifuata barabara ya Embu, na kwa hiyo hiyo twarudishwa nyumbani siku ya mwisho, tumeona yafaa kuweka katika taarifa ya mwaka huu maneno machache juu ya historia yake.

Serikali ya Kiingereza ilijenga boma Embu mwaka wa 1906, na Meru mwaka wa 1908. Bwana D.C. wa kwanza wa Meru, E. B. Horne, aliitwa na watu Kangangi, yaani mtembezi, wala jina hilo halikukosea: kutembea kwa miguu ndiko kulikokuwa kutawala. Misheni ya Methodist ilipoanzishwa hapa Kaaga mwaka wa 1912, mizigo yake ilipanda milima kwa vichwa vya watu.

Mwaka huo huo wa 1912 ikatoka sheria iliyowapa machifu na wazee wa serikali uwezo wa kuwaita watu kufanya kazi za lokesheni bila malipo, hata siku 24 kwa mwaka, na barabara ilikuwa mbele katika kazi hizo. Mwaka wa 1920 ikaongezwa nyingine, ya siku 60 kwa malipo, nayo pia kwa lazima. Hesabu yake ni rahisi: ni karibu miezi mitatu ya mtu mwenye shamba lake na mifugo yake. Hao ndio waliochimba udongo mwekundu kwa jembe, wakaubeba, wakaushindilia; mvua za Aprili zikauchukua, nao wakaitwa tena. Tumesoma mara nyingi kwamba barabara ‘zililetwa’. Neno hilo hatulikubali.

Ugumu wenyewe ulikuwa mito. Kutoka Embu mpaka Meru njia hukata miguu ya Kirinyaga, na kila bonde lina maji yake: Thuci, Nithi, Mutonga, Thingithu, Kathita, na mengine mengi kati ya hayo. Barabara ya zamani iliteremka kila bonde kwa kona juu ya kona, ikapanda vivyo hivyo. Ndiyo maana, reli ilipofika Nanyuki mwaka wa 1930, watu na mizigo ya Meru walizoea kuzungukia upande huo, na kwa miaka mingi msafiri wa Nairobi mwenye busara aliiacha njia ya Embu wakati wa masika.

Lami ilifika katika miaka ya 1980, na barabara ikajulikana kwa namba B6. Madaraja yakainuliwa, kona nyingi zikanyoshwa. Kahawa na majani ya chai ya Imenti, na miraa kutoka Igembe, vikapata njia fupi, na safari ya Nairobi ikawa ya saa chache tu. Vipande vya njia ya kale vimebaki kando, vimeota nyasi, na watoto huchungia mbuzi humo.

Lakini wepesi huo una deni lake. Mteremko wa kuingia daraja la Nithi ni mrefu, nao huishia kwenye kona; gari lililopotewa na breki halina pa kukimbilia. Jioni ya tarehe 24 Julai 2022 basi lililotoka Meru kwenda Mombasa lilianguka bondeni hapo, wakafa watu zaidi ya 30. Haikuwa mara ya kwanza mahali hapo, na wakazi walikuwa wamelia miaka mingi kwamba njia ibadilishwe. Walioichimba barabara ya kale kwa mikono waliizungusha mabonde polepole. Walijua mzigo wa kichwani hauteremki kwa haraka.

Waliochimba wamekwisha kufariki, ila watoto wao wachache wangali hai, wenye kujua ni wapi kambi za kazi zilikuwa na ni baba wa nani aliyepelekwa mto gani. Twawaomba wazee hao wafike kwa karani wa chama siku yoyote ya mkutano, au watume mjukuu aje kuandikisha.