Juano Hernández

Juano Hernández (19 Julai 1896 – 17 Julai 1970) alikuwa mwigizaji wa jukwaani, redio na filamu kutoka Puerto Rico aliyefanya kazi hasa nchini Marekani.

Maisha

Alizaliwa San Juan. Hakupata elimu ya shule, akaanza sanaa katika sarakasi. Baadaye alisoma maandishi ya Shakespeare ili kunyoosha matamshi yake ya Kiingereza, akapata kazi redioni.

Kazi

Mwaka 1932 aliigiza katika The Girl from Chicago ya Oscar Micheaux. Alipata umaarufu kwa Intruder in the Dust (1949), iliyotokana na riwaya ya William Faulkner. Humo ni Lucas Beauchamp, mkulima mweusi anayesingiziwa kumwua mzungu. Wakati huo waigizaji weusi wengi walipewa nafasi za watumishi au za kuchekesha. Lucas hamnyenyekei mtu, hata umati unapotaka kumwua.

Hata hivyo, baadaye alipewa zaidi nafasi za pembeni:

- Young Man with a Horn (1950): mpiga tarumbeta
- Trial (1955): hakimu
- Something of Value (1957), kuhusu Mau Mau, iliyopigwa kwa sehemu nchini Kenya: Njogu
- The Pawnbroker (1964)
- They Call Me Mister Tibbs! (1970)

Alifariki San Juan.