Tarehe ya Barabara ya Mombo hadi Lushoto

Barabara ya Mombo hadi Lushoto, yenye urefu wa kilomita zipatazo 33, ni barabara ya mkoa, yaani iliyo chini ya barabara kuu kwa daraja ingawa nayo hutunzwa na Wakala wa Barabara Tanzania. Huanzia Mombo, kwenye barabara kuu iendayo Moshi, katika nyika iliyo mita zipatazo 400 juu ya usawa wa bahari, hupanda kwa kona kali kando ya korongo la mto hadi Soni, na kufikia Lushoto kwenye mita zipatazo 1,400. Imezoeleka kusemwa kwamba barabara hii ni kazi ya Wajerumani, na kwa upande wa vipimo vya wahandisi kauli hiyo haina ubishi; lakini njia ya kupanda na kushuka kati ya nyika na milima ilikuwa na wenyewe kabla Mjerumani hajaijua Usambara, na wenyewe hao ni Washambaa na watawala wao wa ukoo wa Kilindi.

Chimbuko la ukoo huo ni Mbegha, mwindaji wa Ngulu, ambaye wazee husimulia kwamba alikuwa kigego, yaani mtoto aliyeota meno ya juu kwanza, jambo lililohesabiwa kuwa nuksi, hivyo ndugu zake wakamnyima urithi, naye akaondoka na mbwa zake na mikuki yake. Alipitia Kilindi, akapanda milimani, akawa anawaua nguruwe walioharibu mashamba na kuwagawia watu nyama, nao wakimpa vyakula vya shambani, hata watu wa Vuga wakamwita awatawale. Usiku mmoja wakati wa ujio wake alimwua simba aliyevamia ng'ombe, na tangu hapo mfalme wa Vuga akaitwa Simba Mwene. Habari hizi ziliandikwa kwa Kiswahili na Abdallah bin Hemedi bin Ali Liajjemy katika kitabu chake Habari za Wakilindi, naye aliishi miongoni mwa Wakilindi wenyewe. Koo zilizokuwapo milimani kabla ya Mbegha, ambazo ndizo zilizompokea, zilikuwa na matambiko yao na ardhi yao.

Chini ya mfalme Kimweri ye Nyumbai, wa ukoo huohuo, aliyefariki mwaka 1862, Vuga ilikuwa ndiyo mwisho wa kila njia. Wana wa mfalme waliwekwa kuwa mazumbe, yaani watawala wa nchi ndogondogo chini yake, ushuru wa mifugo na nafaka ukapanda kwenda Vuga, na kesi ya kuua haikuweza kukatwa mahali pengine. Mmisionari Krapf alipofika kwa Kimweri mwaka 1848 alikuta ufalme ambao neno lake lilisikika hadi karibu na pwani.

Hapa yafaa kusimama kidogo juu ya ugomvi wa Semboja na Shekulwavu, maana bila huo haieleweki kwa nini Mombo, na si mahali pengine, pakawa mlango wa milima. Kimweri alirithiwa na mjukuu wake Shekulwavu, kijana aliyekalia kiti chenye heshima nyingi kuliko bunduki, ilhali mwana wa Kimweri, Semboja, alikuwa Mazinde, nyikani karibu na Mombo, kando ya njia ya misafara ya bonde la Pangani, ambako pembe na watumwa viliteremka na bunduki na baruti zikapanda. Semboja akaishambulia Vuga na kumfukuza mpwa wake. Ajabu yake ni kwamba alipokwisha kushinda hakuketi Vuga, bali alimweka huko mwanawe Kimweri Maguvu, yeye akarudi Mazinde, kwa kuwa alikuwa ametambua kwamba nguvu imeshuka mlima. Wapo wanaomlaumu kwa kuvunja ufalme, na lawama hiyo haikosi haki, kwani vita vilivyofuata viliwauza watu wengi. Hata hivyo, kwa habari ya njia, Semboja aliona mbele kuliko wote.

Wajerumani walifuata alipokuwa, wakaweka kituo chao Mazinde kabla ya kuhamia milimani. Mwaka 1895 Semboja alikufa, na mwaka huohuo Mputa, aliyekuwa mfalme Vuga, alinyongwa na Wajerumani. Baada ya hapo boma likasimama Wilhelmstal, mji uliopewa jina la Kaisari Wilhelm na ambao leo ni Lushoto. Reli kutoka Tanga ilifika Mombo mwaka 1905, na kuanzia hapo kila mzigo wa boma, wa misheni na wa walowezi ulishukia stesheni hiyo, kwa hiyo barabara ya kupandia haikuwa tena hiari.

Mikono iliyoichimba na kuitengeneza haikuwa ya Wajerumani. Mwaka 1907 ulianzishwa Wilhelmstal utaratibu wa kipande, yaani kadi iliyomlazimu kila mwanamume kumfanyia kazi mzungu siku 30 katika kila miezi minne kwa ujira uliopangwa, na asiyeitimiza alichukuliwa kwa nguvu kufanya kazi za serikali, nazo barabara zilikuwa miongoni mwa kazi hizo.

Kwa ajabu, zama hizo zilikuwa na kazi moja kubwa kuliko barabara. Kutoka stesheni ya Mkumbara, ng'ambo ya Mazinde, ilijengwa njia ya kamba za chuma ya kilomita zipatazo 9 hadi kiwanda cha mbao cha Neu-Hornow huko Shume, ikiteremsha mbao za mtarakwa hewani juu ya mabonde ambayo mpagazi angeyazunguka kutwa nzima. Kamba hizo hazipo tena, barabara ipo.

Waingereza waliitwaa nchi mwaka 1916, wakawarudishia Wakilindi kiti mwaka 1926, na baada ya Vita Kuu ya Pili wakawalazimisha wakulima kuchimba matuta.

Leo barabara ina lami, na katika kona zisizoonekana mbele dereva hupiga honi kwanza ndipo aingie. Soni, penye maporomoko ya maji na njia panda ya Bumbuli, wachuuzi huinua vikapu vya plamu na pea hadi kwenye madirisha ya mabasi, na malori ya kabichi, karoti na viazi huteremka kuelekea masoko ya Dar es Salaam. Mvua za masika huangusha udongo na mawe barabarani, na siku kama hiyo shamba zima la kabichi huweza kuozea njiani. Kupita Lushoto, njia hupanda hadi Magamba na kugawanyika kwenda Shume, Mtae na Mlalo.

Majina ya wahandisi na mabwana shauri, yaani wakuu wa wilaya wa kikoloni, yamo katika kumbukumbu za serikali. Ya watu wa kipande hayamo. Familia za Vuga, Soni na Mombo ambazo bado zina wazee wanaowajua waliopelekwa kuchimba barabara hii na wayaandike majina hayo sasa, pamoja na kijiji cha kila mmoja, kabla wazee hao hawajaondoka.