Kendu Bay na Gendia: Historia Fupi ya Mji Wetu

Kendu Bay ililelewa na mtama. Zamani, kabla ya duka la kwanza kufunguliwa, eneo letu la Karachuonyo lilikuwa nchi ya mtama na wimbi. Kila boma lilijivunia dero zake, yaani maghala ya nafaka, na mvua ilipokosa, watu walipanda milima ya Kisii na vyungu, samaki na mifugo, wakarudi na nafaka. Reli ilipofika Kisumu mwaka 1901 na meli zikaanza kuzunguka Ghuba ya Winam, magunia yetu yakapata soko la mbali. Wahindi walifungua maduka karibu na gati, Waislamu wakawa na Msikiti wao wa Tawakal, na mji ukashika umbo lake.

Lakini mwaka tunaouenzi kuliko yote ni 1906. Mwezi wa Novemba Arthur Carscallen, Mkanada, alivuka ghuba akiwa na Peter Nyambo, Mwafrika kutoka Nyasaland, ambayo leo ni Malawi. Wakachagua kilima cha Gendia, na huko ndiko Waadventista wa Sabato walikoanzia kazi yao Nyanza. Naomba tuanze na Nyambo mara hii, kwa kuwa picha za ukumbusho humpa Carscallen nafasi yote. Nyambo hakuwa mchukuzi wa mizigo. Alikuwa mwalimu, na watu wetu waliona kwa macho yao kwamba Mwafrika anaweza kushika kitabu na kukifundisha. Carscallen naye, tumpe haki yake, aliketi na wazee hadi akaijua Dholuo, akaiandikia sarufi, na mwaka 1913 akaanzisha mtambo wa kupiga chapa. Hebu fikiri: kilimani, katikati ya mashamba ya mtama, vitabu vya lugha yetu vinachapwa! Waliobatizwa kwanza, mwaka 1911, walikuwa wana wa mashamba hayohayo.

Vita vya 1914 vilipofika Kisii, wamishonari waliondoka kwa muda. Kazi ikarudi, na hospitali ya Kendu ikaanza katika miaka ya 1920.

Paulo Mboya hawezi kupitwa. Mchungaji, kisha chifu wa Karachuonyo, ndiye aliyeandika kitabu cha Luo Kitgi gi Timbegi, kilichotoka mwaka 1938, akahifadhi desturi ambazo wengi walizidhani zimekwisha. Sisi tuliosoma baada yake tuna deni kubwa la shukrani kwake.

Baadaye: mahindi yakazidi kuchukua nafasi ya mtama, ziwa likafurika 1961 na 1962, uhuru 1963, Kaunti ya Homa Bay 2013, ziwa likapanda tena 2020 na familia nyingi zikahama ufuoni. Hospitali na kiwanda cha uchapishaji bado vinafanya kazi.

Shukrani zetu ziwafikie akina mama wa sokoni wanaopima mahindi na mtama kwa gorogoro, lile kopo la kupimia nafaka, maana karo za wengi wetu zilitoka mikononi mwao.