Miti Iliyonilipia Karo

Mwaka wangu wa kwanza chuoni ulilipwa na mikaratusi 14. Ilikuwa imesimama bondeni, chini kabisa ya shamba letu Ekerenyo, hatua chache kutoka kwenye chemchemi ambayo nyanya yangu amechota maji tangu aolewe. Mnunuzi alikuja na msumeno wa petroli, akalipa pesa taslimu, na baba akaniletea karo akiwa bado ana unga wa mbao kwenye viatu. Mwaka wa pili iliuzwa mingine. Mwaka wa tatu hakukuwa na mti mkubwa wa kuuza, nikarudi nyumbani na sanduku langu. Nilikuwa nikisomea udongo na maji. Cheka ukitaka.

Nilipata chemchemi imebadilika. Zamani mtungi wa lita 20 ulijaa kabla hujamaliza kusalimiana na jirani. Sasa, Januari na Februari, unauweka chini ya bomba la chemchemi, unaenda kutafuta kuni, unarudi na bado haujajaa. Kila mtu pale nyumbani ana mshukiwa wake. Baba mdogo anasema mvua zimeharibika. Jirani anataja laana, ila hasemi ni ya nani. Vijana wenzangu wote wanasema ni blugamu, si kila mtu anajua blugamu inamaliza maji? Nyanya peke yake ndiye aliyesema kitu ambacho sikukitarajia: "Siku hizi mvua ikinyesha, maji yanapita hapa mbele ya nyumba mbio. Zamani hayakuwa yanapita hapa."

Nimelichunguza hilo neno lake kwa muda sasa, na sina digrii ya kunizuia.

Chuoni tulianza na Mfaransa mmoja, Henry Darcy, mhandisi aliyeuletea mji wa Dijon maji safi. Mwaka 1856 alichapisha kitabu kinene kuhusu mabomba na visima vya mji huo, na kule mwisho, kwenye kiambatisho, akaeleza jinsi alivyopitisha maji kwenye mnara uliojazwa mchanga na kupima yanayotoka. Aligundua kwamba mwendo wa maji unategemea mambo matatu: tofauti ya kimo kati ya yanapoingia na yanapotokea, urefu wa njia, na ile kitu yenyewe yanamopita. Mchanga una matundu makubwa, maji yanapita kama watu kwenye lango la uwanja. Mfinyanzi una matundu madogo mno, maji yanayang'ang'ania na kukaa humo.

Kwa hesabu hiyo, Nyamira ingekuwa bwawa moja kubwa. Udongo wetu mwekundu ni mfinyanzi mtupu, na mvua yetu ni kati ya milimita 1,200 na 2,100 kwa mwaka. Lakini hatuogelei. Wataalamu wanauita udongo huu nitisoli. Madini ya chuma yaliyomo yanazigandisha chembe zake ziwe punje ndogo ngumu, na kati ya punje na punje kuna nafasi. Vunja donge lake uone: linavunjika vipande vyenye pembe, na kila kipande kinameremeta kama kimepakwa mafuta. Ni mfinyanzi unaojifanya mchanga. Ongeza mizizi iliyooza, mashimo ya mchwa na ya nyungunyungu, na mlima mzima unakunywa, mita kadhaa kwenda chini. Mvua ya Machi hadi Mei inaingia, inateremka polepole ndani ya mlima, inakutana chini na tabaka lisilopitika kirahisi, inatafuta upenyo wa kutokea. Hapo ndipo penye chemchemi. Maji unayochota Januari yalinyesha miezi mingi iliyopita.

Shida ni kwamba punje hizo za juu zinavunjika. Tone la mvua likigonga udongo ulio uchi, au miguu ikikanyaga mahali pamoja kila siku, punje zinasagika na unga wake unaziba matundu. Unabaki ukoko, kama ule wa wali, wenye unene wa milimita chache tu. Huo ukoko unatosha kufunga mita zote zilizo chini yake.

Serikali ya kikoloni iliyaona maji haya, ila yakiwa juu ya ardhi tu, yakikimbia na udongo. Miaka ya 1930 dhoruba za vumbi za Marekani ziliwatisha maafisa wa Waingereza kila mahali, na hapa Kenya idara ya kilimo ikamweka Colin Maher asimamie uhifadhi wa udongo. Baada ya Vita vya Pili kazi ikawa ya lazima: machifu waliwatoa watu, wengi wao wanawake, wakachimbe makinga maji bila malipo. Mwaka 1947 huko Murang'a upinzani ukalipuka, na wanawake wakagoma kuchimba. Makinga maji yenyewe ni kitu kizuri, ninayachimba sasa hivi kwa hiari yangu na mgongo unaniuma. Lakini mtu aliyechimba chini ya askari wa chifu alibaki na kumbukumbu ya askari.

Kipimo cha kweli kilikuja baadaye, na kilifanyika jirani kabisa, Kericho, ambako kaunti yetu inapakana upande wa mashariki. Miaka ya 1950 kampuni za majani chai zilitaka kukata sehemu ya msitu wa Mau Kusini Magharibi. Swali lilikuwa: msitu ukiondoka, mito itakauka? Badala ya kubishana, watafiti wa EAAFRO, shirika la utafiti wa kilimo na misitu la Afrika Mashariki lililokuwa Muguga, wakiongozwa na Charles Pereira, walichagua mabonde mawili yanayolingana. Bonde la Lagan liliachwa na msitu wake. Bonde la Sambret, lenye kilomita za mraba 7 hivi, lingekatwa karibu nusu na kupandwa chai. Wakajenga vizuizi vya kupimia mito yote miwili, wakaweka vipima mvua, na wakaanza kuhesabu kabla hata mti mmoja haujaanguka. Hilo la mwisho ndilo ninalolipenda. Sisi huku huanza kuhesabu mtungi ukishakataa kujaa.

Matokeo yalikuja kwa miaka mingi na hayampi mtu yeyote ushindi mwepesi. Wakati msitu unakatwa na chai bado ni miche, ardhi ikiwa wazi, maji ya mvua kubwa yaliongezeka juu ya ardhi na kuingia mtoni kwa fujo. Chai ilipokua na kufunika ardhi, mambo yakatulia, na kwa mwaka mzima chai iliyokomaa ilitumia maji karibu sawa na msitu, pengine pungufu kidogo. Mto haukukauka. Lakini tusisahau kwamba yale yalikuwa mashamba ya kampuni, yaliyopangwa na wahandisi, kila mfereji mahali pake. Si ekari nusu ya mama mwenye watoto sita.

Mwanasayansi Mkenya, Caleb Othieno, aliishusha picha hiyo hadi kwenye shina la chai. Hukohuko Kericho alilinganisha vipande vya chai changa: palipopaliliwa kwa jembe pakabaki weupe, palipopandwa shayiri katikati ya mistari, palipotandazwa nyasi. Alichapisha mwaka 1975. Pale palipobaki wazi udongo ulichukuliwa vibaya, na palipofunikwa haukuondoka sana. Chai ilipofunga majani juu, tofauti ikapungua. Yaani kilichoamua ni kama tone la mvua linagonga ardhi au linagonga kitu kingine kwanza.

Sasa rudi Ekerenyo na uangalie ramani ya familia yoyote. Mashamba yetu hayagawanywi kwa kukata mlima upande kwa upande. Yanagawanywa kutoka juu hadi chini, ili kila mwana apate barabara kule juu na mto kule bondeni. Ni haki kabisa. Lakini babu alikuwa na ukanda mmoja mpana na njia moja ya kuteremkia mtoni. Wanawe wakawa wanne, njia nne. Sasa wajukuu tumeanza kujenga, na kila ukanda mwembamba una njia yake inayoshuka moja kwa moja, imekanyagwa ikawa ngumu kama saruji. Juu yake kuna paa la mabati, na maji ya mabati hayaendi popote isipokuwa kwenye ile njia. Hakuna aliyekosea. Tumegawana ardhi kwa usawa na tumeyajengea maji barabara ya kasi kuyapeleka mtoni bila kuingia ndani. Hayo ndiyo maji nyanya anayoyaona yakipita mbele ya nyumba.

Sikutaka kuyaamini bila kupima. Nilikata mkebe wa rangi pande zote mbili, nikaupigilia ardhini, nikamwaga lita moja ya maji na kushika simu kuhesabu. Chini ya migomba, penye majani makavu, maji yaliisha kabla sijafungua saa vizuri. Kwenye chai ya baba mdogo yalichukua muda kidogo. Kwenye njia ya kwenda mtoni nilikaa dakika 20 nikiangalia uso wangu humo ndani. Shangazi akapita akaniuliza kama hii ndiyo kazi niliyoenda kusomea.

Je, blugamu haina hatia? Inayo, ila ni ya aina nyingine. Mti huu uliletwa Kenya yapata mwaka 1902 ili upate kuni za reli, na huku kwetu umebaki kwa sababu unakua haraka, unajenga nyumba, na viwanda vya chai vinahitaji kuni za kukaushia majani. Wengi waliupanda bondeni makusudi ili ukaushe matope. Ukikaa juu kilimani unapambana na mvua kama mti mwingine wowote. Ukikaa kando ya chemchemi, mizizi yake iko kwenye maji ambayo tayari yamemaliza safari, na unayanywa mwaka mzima. Mwaka 2009 waziri wa mazingira, John Michuki, aliagiza ing'olewe kwenye vyanzo vya maji, na mwaka huohuo mwongozo wa Huduma ya Misitu ukasema isipandwe kwenye kingo za mito na chepechepe. Huku kwetu wengine walikata. Mkaratusi ukiukata unachipuka tena, shina moja linatoa matatu.

Kwa hivyo chemchemi ya nyanya inaibiwa mara mbili: maji yanazuiwa kuingia kule juu, na machache yaliyoingia yanadakwa kule chini kabla hayajamfikia. Kila mtu anazungumzia mwizi wa pili kwa sababu anaonekana, ana urefu wa mita 20.

Desemba tulikaa kikao. Baba mdogo ana binti anayeingia sekondari Januari, na machipukizi ya ile miti yangu 14 yamenenepa, yanafaa kwa nguzo. Kuuza hakuna aliyepinga. Ubishi ulikuwa kuhusu visiki, kama tuving'oe au tuviache vichipuke tena. Nilizungumza kuhusu Kericho, nikazungumza kuhusu mkebe. Baba mdogo alinisikiliza hadi mwisho, kwa heshima, kisha akauliza, "Na huyu mdogo wako kidato cha pili atalipiwa na nini?" Nilinyamaza, kwa sababu mimi nililipiwa na hivyo hivyo visiki.

Tulikubaliana ving'olewe 6 vilivyo karibu zaidi na chemchemi, 8 vibaki. Njia ya mtoni tumeipindisha ipite kando ya shamba badala ya kuteremka wima, na kila hatua chache nimechimba kinga maji na kupanda nepia ukingoni. Nyanya amelalamika kwamba njia imekuwa ndefu.