Kemilembe: Jina Lililotangulia Daftari la Ubatizo



Wapendwa waamini, wiki hii tafakari yetu haitoki katika mahubiri, bali katika ofisi ya parokia. Siku ya kuandikisha watoto wa ubatizo walifika wazazi wawili vijana, pamoja na bibi wa mtoto, mama mzaa mama. Katekista alipouliza jina la mtoto, baba alijibu, “Irene.” Bibi akasema papo hapo, “Kemilembe.” Vijana wakatazamana. Yule binti akamwambia mama yake kwa sauti ya chini kwamba hilo ni la nyumbani, Padre hawezi kuliandika.

Maneno hayo yalituchoma kidogo, kwa sababu Padre aliyetajwa tulikuwa sisi, na hatukuwa tumekataa jambo lolote. Tulijiuliza ni nani aliyewafundisha vijana hawa kwamba jina la bibi yao linakoma mlangoni pa kanisa. Tulipochunguza zaidi tukatambua kwamba jibu halina budi kutafutwa pia kwetu sisi mapadre, na kwa waliotutangulia.

Tuanze na jina lenyewe. Wasemaji wa Kinyambo na Kihaya hawahitaji kufasiriwa: Kemilembe ni binti wa amani, aliyezaliwa kwa amani au aliyekuja na amani. Wengine huandika Kemirembe, kwa kuwa katika lugha zetu L na R ni ndugu wa tumbo moja. Jambo hili husumbua sana wakati wa kutafuta vyeti, maana cheti cha ubatizo huwa na herufi hii na cheti cha shule herufi ile. Jina hili lina dada zake. Kemigisha ni binti wa baraka. Kengonzi ni binti wa upendo. Ng'ambo ya mpaka, kwa Wanyankole, yuko Kobusingye, ambaye naye ni binti wa amani kwa neno jingine. Yako pia majina ya Koku-, ambayo yanabeba kitenzi kizima: Kokugonza anataja kupenda, Kokwijuka anataja kukumbuka, Kokuhabwa anataja kupewa. Mzazi anayemwita bintiye Kokuhabwa amekwisha kukiri, kabla ya katekisimu yoyote, kwamba mtoto hanunuliwi wala hatengenezwi, bali hutolewa na Mwingine.

Neno lililomo ndani ya Kemilembe limesafiri mbali kuliko tunavyodhani. Kwa Waganda, mirembe ni amani, na omulembe ni zama au kipindi cha utawala. Nao wana mabinti wanaoitwa Mirembe. Waluhya wa magharibi ya Kenya husalimiana kwa kusema “Mulembe”, wakitakiana amani, kama Mwebrania alivyosema “Shalom”. Hivyo bibi anapomwita mjukuu wake Kemilembe hapa Karagwe au kule Kyerwa, anatumia neno ambalo watu wa pande nyingi za Ziwa Nyanza wangelitambua.

Amani hiyo haikuwa ya maneno matupu. Wasafiri Speke na Grant walipofika Karagwe mnamo Novemba 1861, walipokelewa na Omukama Rumanyika kwa ukarimu ambao Speke aliusifu sana katika maandishi yake. Watu wengi hukumbuka ukarimu huo na kusahau kwamba Rumanyika mwenyewe aliketi juu ya kiti baada ya ugomvi wa silaha na ndugu yake Rogero. Baada ya kifo cha Rumanyika, ikulu ya Bweranyange iliona tena magombano ya urithi, na damu ya wana wa kifalme ikamwagika. Kisha mwanzoni mwa miaka ya 1890 ikaja sotoka, ikafyeka ng'ombe wa nchi hizi zote, na ndui nayo haikuwa mbali. Katika nchi ya namna hiyo, kumwita mtoto jina la amani ni kuomba, si kupamba.

Karne ya ishirini nayo ilitufundisha thamani ya neno hilo. Mwezi Oktoba 1978 majeshi ya Idi Amin yalivuka mpaka na kuikalia sehemu ya Kagera iliyo kaskazini ya mto, na mwanzoni mwa Novemba daraja la Kyaka likabomolewa. Wazee wetu wanakumbuka jinsi njia ya kwenda Bukoba ilivyokuwa njia ya hofu. Kampala ilianguka mwezi Aprili 1979. Bibi aliyekaa mbele yetu ofisini alizaliwa mwaka huohuo, miezi michache baadaye, na baba yake akasema kwamba huyu ndiye Kemilembe. Hakuhitaji kulieleza jina hilo kwa jirani yeyote.

Na sisi wenyewe tulikuwa wanafunzi wa shule ya msingi mwaka 1994, nchi jirani ya Rwanda ilipozama katika mauaji ya kimbari. Kule Ngara watu wapatao 250,000 walivuka Rusumo katika muda wa saa ishirini na nne, mwishoni mwa Aprili. Nasi huku Karagwe tukaona makambi yakiota Kagenyi, Rubwera, Omukariro na Chabalisa, hata walipoondoka mwezi Desemba 1996. Waliopita njiani mbele ya macho yetu ya kitoto walikuwa na vifurushi na watoto wao, wala hawakuwa na kitu kingine. Lugha yao si mbali na yetu, wala majina yao si mageni kwetu. Tangu wakati ule hatujaweza kulisikia neno amani kama neno la kawaida la kadi za Noeli.

Turudi sasa kwenye swali la vijana wale: imekuwaje jina la namna hii lionekane halifai?

Mapadre Weupe walifika Kashozi mwaka 1892, na kutoka pande za Bukoba Injili ikapanda polepole hadi Karagwe. Walikuwa watu wa zamani zao, wenye bidii isiyopimika, na walituletea majina waliyoyapenda. Ndiyo maana mpaka leo mtu akisikia majina Leokadia, Jenerosa, Paskazia na Adventina yakiitwa katika mkutano mmoja, hubashiri kwamba wenye majina wametoka Kagera, na mara nyingi hakosei. Hatuyadharau majina haya. Mama zetu wameyabeba kwa heshima, wakayatakatifuza kwa kuamka alfajiri kwenda Misa. Hata hivyo, turuhusiwe kutabasamu kidogo. Adventina maana yake ni nini, kama si binti wa Majilio? Wazazi walitazama wakati aliozaliwa mtoto, wakautia katika jina. Babu yake Kemilembe alifanya jambo lilelile hasa, ila yeye hakujua Kilatini.

Wapo wanaodhani kwamba sheria ya Kanisa ndiyo iliyoyafukuza majina ya asili. Si hivyo. Kanuni ya 761 ya Sheria ya mwaka 1917 iliwaagiza maparoko wahakikishe mbatizwa anapata jina la kikristo. Na wasipoweza kulipata kwa wazazi, waongeze jina la mtakatifu juu ya lile lililotolewa na wazazi, na yote mawili yaandikwe katika daftari. Yote mawili! Sheria haikuagiza kufuta. Ni mazoea ndiyo yaliyofuta: haraka ya kalamu, wingi wa wabatizwa, ugumu wa mgeni kuandika maneno ya lugha asiyoijua, na wakati mwingine, hatuna budi kukiri, dharau. Sheria ya sasa ya mwaka 1983, katika kanuni ya 855, inataka tu kwamba wazazi, wasimamizi na paroko waangalie lisitolewe jina lililo geni kwa hisia za kikristo. Je, amani ni ngeni kwa hisia za kikristo?

Hapa ndipo tulipowauliza vijana wale maana ya Irene. Baba alisema ni jina la kizungu, tena zuri. Kwa kweli ni neno la Kigiriki, na maana yake ni amani. Kabla ya Ukristo Wagiriki walimwabudu mungu wa kike aliyeitwa kwa neno hilohilo. Basi jina hili lilianza upagani, nalo likawa la kikristo kwa sababu wako wanawake walioliita lao wakamfia Kristo. Mwaka 304, katika mji wa Thesalonike, wakati wa mateso ya Kaisari Diokletiani, walihukumiwa kifo ndugu watatu wa kike: Agape, Kionia na Irene. Irene alishitakiwa pia kwa kuficha Maandiko Matakatifu. Agape ni upendo. Wapendwa, wahamisheni dada hao kutoka Thesalonike hadi Nyaishozi au Isingiro, nanyi mtawaita Kengonzi na Kemilembe. Kionia, ambaye jina lake lina theluji ndani yake, atatushinda.

Salome naye ni binti wa shalom. Na wako watakatifu wa karibu zaidi. Papa Paulo wa Sita alipowatangaza Wafiadini wa Uganda tarehe 18 Oktoba 1964, aliinua altareni majina ya Lwanga, Mukasa na Kizito. Kizito hatumjui kwa jina la Ulaya hata moja. Ni Kizito tu, kijana mdogo, na leo hakuna paroko anayesita kumwandika mtoto Kizito. Jina lile lilikuwa “la nyumbani” mpaka siku ya moto wa Namugongo.

Nasi hatuwezi kuacha kumtaja Mwenye heri Anuarite wa Kongo, aliyeuawa Isiro usiku wa kuamkia tarehe 1 Desemba 1964 na kutangazwa Mwenye heri na Papa Yohane Paulo wa Pili mjini Kinshasa tarehe 15 Agosti 1985. Wazazi wake walimwita Nengapeta, jina lenye kuonya kwamba mali hudanganya. Alipopelekwa kuandikishwa shule, aliandikwa kimakosa kwa jina la dada yake, Anuarite, na likabaki hivyo. Kosa la daftari likawa jina la altare! Mungu aliweza kumtambua hata hivyo. Lakini wakimtaja kwa ukamilifu husema Anuarite Nengapeta, na tunashukuru kwamba lile la wazazi halikupotea. Mtakatifu Josefina Bakhita hakubahatika hivyo. Wafanyabiashara ya watumwa walimwita Bakhita, yaani mwenye bahati, naye kwa mateso aliyoyapata utotoni alilisahau jina alilopewa na mama yake. Tangu tulipolijua jambo hilo seminarini, hatuoni tena kulisahau jina kama jambo dogo.

Mtu anaweza kutupinga kwa Injili ya Luka, sura ya kwanza. Jamaa walitaka mtoto aitwe Zakaria kama baba yake, nao wakashangaa Elizabeti aliposema ataitwa Yohane, kwa kuwa katika ukoo hapakuwa na jina hilo. Ni kweli, Mungu anao uhuru wa kuleta jina jipya. Hatusemi kwamba kila la ukoo ni takatifu. Tunayo majina yaliyotaja kifo, yaliyowasema majirani kwa uchungu, yaliyombebesha mtoto ugomvi ambao hakuuanzisha. Paroko akimshauri mzazi aache jina la namna hiyo, hamvunjii mila, anamhurumia mtoto. Basi tusiyapokee yote wala tusiyakatae yote. Tuulizane maana. Ndiyo sababu kuanzia sasa, katika parokia yetu, wazazi wanapoandikisha mtoto tutawaomba walete majina yote mawili, nao waje tayari kueleza maana ya kila moja. Makatekista wa vigango wamekwisha kuelezwa.

Bibi alikuwa amesikiliza yote haya kimya, mikono juu ya magoti. Ndipo tukamwuliza yeye alibatizwa kwa jina gani. Akasema, “Frida, Padre. Kemilembe hawakuniandika.” Tulilifungua daftari la mwaka 1979, na ni kweli: Frida, jina la baba, jina la mama, basi. Tukamweleza kwamba Frida ni neno la Wajerumani wa kale, na kwamba nalo lina maana ya amani. Alicheka kwa muda mrefu, akafuta macho kwa ncha ya kitenge. “Kumbe, Padre,” alisema, “miaka yote hii mnaniita kwa jina la baba yangu.”

Mjukuu aliandikwa Irene Kemilembe. Kwenye nafasi ya herufi ya tano kutoka mwisho tulimwuliza bibi kama ni L au R, naye akasema tuandike tunavyoona, yeye ataitika yote.