Mzigo na Sauti: Vitabu vya Karne Moja kuhusu Ukoo, Ugonjwa na Tiba

Anayetaka kujua jinsi jamii za Afrika Mashariki na Kati zilivyouguza watu wao ana rafu nzima ya vitabu vya elimu ya jamii na anthropolojia vya kusoma, na vingi ni vizuri. Kwa bahati mbaya tumezoea kuvisoma kama vitabu vya mila: Wazande na uchawi wao, Wabemba na unyago wao, Wazaramo na pepo wao. Mimi naona vinafaa kusomwa kwa swali jingine kabisa. Mtu anapolala kitandani hajiwezi, nani anabeba gharama na kazi ya kumuuguza, na nani ana neno la mwisho kuhusu tiba yake? Ukivisoma kwa swali hilo, vitabu vilivyoandikwa mahali mbalimbali na watu tofauti vinaanza kusimulia habari moja. Mzigo wa mgonjwa umekuwa ukishushwa ngazi kwa ngazi, kutoka kwa watawala hadi kwenye ukoo, kutoka kwenye ukoo hadi kwenye kaya, na ndani ya kaya hadi mikononi mwa mwanamke. Sauti ya kuamua haikushuka pamoja nao.

Mahali pa kuanzia ni kitabu cha Kiswahili. Desturi za Wasuaheli kilichapwa Göttingen mwaka 1903 kikiwa na jina la mhariri wake Mjerumani, Carl Velten, lakini sehemu kubwa ya maandishi yake ni ya Mtoro bin Mwinyi Bakari wa Bagamoyo, aliyekuwa akifundisha Kiswahili Berlin. Humo mna mimba na uzazi, malezi, jando, ndoa, madeni, uganga, pepo na mazishi. Ugonjwa haukutengwa na mambo mengine ya watu. Umekaa katikati ya mahari, deni na ujamaa, mahali unapokaa kweli katika maisha. Kitabu hiki ni jibu la kwanza kwa wanaosema kwamba elimu yote hii ni macho ya mgeni tu. Mtoro aliandika kuhusu watu wake kwa lugha yao, miaka 35 kabla ya Jomo Kenyatta kutoa Facing Mount Kenya, kitabu chake kuhusu Wakikuyu wenzake, mwaka 1938. Jambo la kusikitisha ni kwamba aliyetuachia picha bora ya familia za pwani ya Mrima alizuiwa na serikali ya kikoloni kushuka Dar es Salaam mwaka 1905, kwa kuwa alikuwa amefuatana na mke wake Mjerumani. Hata hivyo lawama ya macho ya mgeni ina uzito kwa vitabu vingi vilivyofuata. Watafiti walifika nyuma ya bendera, na wasaidizi wao wenyeji mara nyingi walibaki katika shukrani za ukurasa wa mwanzo. Lawama hiyo inatutaka tusome kwa uangalifu, tukipima kila kitabu kwa ushahidi wake.

Ngazi ya juu kabisa ya uuguzi tunaikuta katika milima ya Usambara, kaskazini mashariki mwa Tanzania, katika kazi za Steven Feierman, hasa Peasant Intellectuals ya mwaka 1990. Wafalme wa ukoo wa Kilindi, waliotawala kutoka mji wao wa Vugha, walihesabiwa kuwa na uwezo wa kuiponya nchi au kuiharibu. Mvua ilipokatika na njaa ikaingia, watu hawakutafuta kosa katika nyumba moja. Walimtazama mtawala, kwa sababu uzima wa ardhi, wa mazao na wa watoto ulikuwa jambo la utawala. Wajerumani na kisha Waingereza waliwageuza watawala hao kuwa watumishi wa mshahara wanaokusanya kodi, na tiba ya nchi nzima ikakosa mwenyewe. Miaka ya 1950, Waingereza walipowalazimisha wakulima kulima kwa matuta ili kuzuia mmomonyoko, upinzani wa Wasambaa bado ulizungumza lugha ile ile ya kuiponya nchi na kuiharibu. Ninaujua ubishi unaoweza kutolewa hapa. Helge Kjekshus, katika kitabu chake cha mwaka 1977, alieleza kwa nguvu jinsi sotoka ya ng'ombe, vita na njaa za miaka ya 1890 na baada yake zilivyovunja uwezo wa watu wa kuyamudu mazingira yao, na wanahistoria wengine wakamwambia ameupamba mno wakati wa kabla ya ukoloni. Wana haki. Wafalme wa Usambara hawakuizuia njaa, na karne ya 19 baadhi yao waliwauza raia wao utumwani. Ninachosema ni kidogo kuliko sifa: alikuwapo mtu mwenye cheo ambaye jamii ingeweza kumdai uzima wake na kumlaumu ukikosekana.

Ngazi iliyofuata ni ukoo, na kitabu cha kusoma ni The Quest for Therapy in Lower Zaire cha John Janzen, cha mwaka 1978, alichokiandika kwa msaada wa daktari Louis Arkinstall. Miongoni mwa Wakongo wa bonde la chini la mto Kongo, Janzen aliwafuata wagonjwa kwa safari nzima ya tiba: zahanati, mganga, nabii wa kanisa, kikao cha ukoo, kisha hospitali tena. Aligundua kwamba anayeongoza safari hiyo si mgonjwa wala daktari. Ni kundi la ndugu, wa upande wa mama kwanza, ambao hukusanyika ugonjwa unapokataa kupona, wakapima kama ni ugonjwa wa Mungu au una mkono wa mtu, wakachanga fedha, wakaamua pa kwenda. Msomaji wa Kigoma au wa Lamu hahitaji kuelezwa mara mbili. Kikao hicho anakijua. Uzuri wa Janzen ni kuonyesha kwamba kuchanganya hospitali na mganga kulikuwa na utaratibu wake, na kwamba madaktari walioona vurugu walikuwa hawajaelewa nani wanazungumza naye.

Lakini Janzen alikuwa mpole mno kwa kundi hilo, na hapa ndipo makala ya Feierman ya mwaka 1985, kuhusu mapambano ya kudhibiti afya na tiba Afrika, inakuwa ya lazima. Feierman aliuliza ni nani anaingia katika kikao na neno lake linatoka wapi. Jibu lake ni mali na mamlaka: anayelipa ndiye anayesikilizwa, na anayemwamulia mgonjwa tiba hupata nguvu juu yake hata baada ya kupona. Victor Turner alikuwa ameliona jambo hilo mapema kwa Wandembu wa Zambia, ambako mganga aliwakusanya jamaa wote wa mgonjwa na kuwataka watoe vinyongo vyao hadharani kabla dawa haijafanya kazi. Turner aliona upatanisho. Ukimsoma baada ya Feierman unaona pia kwamba kuugua kulimweka mtu mbele ya hukumu ya ndugu zake. Ukoo uliuguza na ukoo ulitawala, na mwandishi anayetusifia la kwanza bila kutuonyesha la pili anatupa nusu ya historia.

Kushuka kutoka ukoo hadi kaya kulikuja na kazi ya mshahara. Audrey Richards, katika uchunguzi wake wa chakula na kazi kwa Wabemba uliochapwa mwaka 1939, alieleza vijiji ambavyo wanaume wake walikwenda kwenye migodi ya shaba na kuwaacha wanawake bila watu wa kukata matawi ya kuchoma shamba, na lishe ikaharibika. Henrietta Moore na Megan Vaughan walirudi kwenye eneo lile na kwenye nyaraka zake, na mwaka 1994 wakaonyesha kwamba Richards aliikuza picha ya maangamizi: wanawake walikuwa na mbinu zao, mashamba yao ya kando na watu wao wa kuwasaidia. Mara nyingi masahihisho haya huchukuliwa kama ushindi wa wanawake. Mimi nayaona kama hesabu ya kazi iliyoongezwa juu ya kazi. Meredeth Turshen, aliyeandika kuhusu Tanzania mwaka 1984, anatoa upande wa pili wa hesabu hiyo: mashamba makubwa na uhamaji wa vibarua viliwalipa wanaume ujira usiotosha familia, na gharama ya watoto, wazee na wagonjwa ikaachwa kijijini. Wapo watakaosema kwamba kama ni hivyo, umaskini unaeleza yote na mazungumzo ya ukoo hayana haja. Umaskini unaeleza kwa nini mzigo ni mzito. Hauelezi kwa nini anayeubeba haruhusiwi kuamua utuliwe wapi.

Hilo linaonekana wazi kabisa katika utafiti uliofanywa wilayani Bagamoyo miaka ya 1990 kuhusu degedege. Watafiti walikuta wazazi wengi wanaihesabu homa ya malaria kuwa ugonjwa wa kawaida unaotibika zahanati, ilhali mtoto anayekakamaa na kugeuza macho waliona ameshikwa na kitu kingine kabisa, cha mganga, na wengine waliamini sindano ingemuua. Kitabibu, mara nyingi huyo ndiye mtoto aliyepatwa na malaria kali. Ilikuwa rahisi kuishia kwenye ujinga wa mama, na mabango ya elimu ya afya ya wakati ule yalimlenga yeye. Lakini mama wa degedege hayuko peke yake chumbani. Yupo bibi, yupo mama mkwe, yupo mume anayesubiriwa atoe nauli. Mwaka 1994 Sereen Thaddeus na Deborah Maine, wakiandika kuhusu vifo vya wajawazito, waligawa ucheleweshaji katika sehemu tatu: kuamua kutafuta tiba, kufika kituoni, na kuhudumiwa baada ya kufika. Wapangaji wa afya walishughulika zaidi na barabara na vituo, kwa haki, kwani ukosefu wake uliua wengi. Ucheleweshaji wa kwanza uliachiwa semina za wanawake, kana kwamba anayefundishwa ndiye anayeamua.

Nitapingwa kwamba mji, shule na hospitali vimemaliza habari hii, na sasa mgonjwa ni mtu mmoja mwenye faili lake. Kitabu ambacho Susan Reynolds Whyte alikihariri mwaka 2014 kuhusu Waganda waliopona makali ya UKIMWI kwa dawa kinajibu vizuri. Programu za dawa ziliwafanya wagonjwa kuwa wateja wa kituo, wakijua namba zao, wauguzi wao na tarehe zao. Lakini pia ziliwataka waje na ndugu au rafiki wa kusimamia umezaji wa dawa, na nauli, chakula na siri vilibaki mikononi mwa jamaa. Hospitali ilijenga uhusiano mpya, kisha ikaupandisha juu ya ule wa zamani.

Kwa Tanzania jambo hili la kumhesabu mgonjwa pamoja na jamaa zake limeingia katika sheria. Baada ya uchangiaji gharama kuanza katika hospitali za serikali mwaka 1993, swali la nani analipa lilirudi waziwazi, na bima ikalijibu kwa kuhesabu familia. Mfuko wa Taifa wa Bima ya Afya ulimhesabu mwanachama, mwenza wake na wategemezi wasiozidi wanne. Mfuko wa afya ya jamii ulioboreshwa ulihesabu kaya ya watu sita kwa shilingi 30,000 kwa mwaka. Hesabu hizo zinafaa kwa karani. Kwa ukoo hazitoshi, kwa kuwa mjomba aliyesomesha na shangazi aliyelea hawaingii ndani ya sita. Na kwa mwanamke anayeandikishwa kwa jina la mume zina hatari nyingine: haki yake ya kutibiwa inaning'inia kwenye ndoa, na mlipaji anabaki kuwa mwamuzi, kama Feierman alivyoeleza mwaka 1985. Sheria ya Bima ya Afya kwa Wote ilipitishwa mwaka 2023, na mjadala wake umekuwa zaidi juu ya kiwango cha kuchangia. Ningependa uwe pia juu ya jina linaloandikwa kwenye kadi, kwa sababu mwanamke mwenye uanachama wake mwenyewe anaweza kuondoka nyumbani na mtoto mwenye degedege saa nane za usiku bila kumsubiri mtu wa kutoa ruhusa pamoja na fedha.