Walitolewa Uzigua Kwa Majahazi, Wakarudi Handeni na Ngoma Zao

Leo tuwaache mastaa kidogo, nina stori ya hapa hapa Tanga ambayo shuleni sikuwahi kufundishwa.

Sisi tuliozaliwa Mpale, Korogwe, watu wa Handeni ni majirani zetu. Kule Handeni kuna sehemu inaitwa Chogo. Utakuta watu wanaongea Kizigua, lakini ukiwauliza wazee wao wamezaliwa wapi, wanakujibu Somalia. Somalia hii hii!

Ilikuwaje? Karne ya 19 njaa kali iliipiga Uzigua. Masimulizi yao yanasema watu walishuka pwani kutafuta chakula, wakadanganywa kuna kazi, wakapandishwa majahazi. Kufika huko, kumbe ni utumwa wa mashambani. Baadaye kundi likatoroka likiongozwa na mwanamke, Wanankhucha. Walitaka kurudi nyumbani kwa miguu, wakaishia mto Juba, wakalima na kubaki hapo.

Sasa sikia. Hawakuwa na redio wala shule ya lugha yao. Walikuwa na ngoma, mfano mviko, na wazee wa kusimulia. Mtoto alikua anajua kwao ni wapi. Hata huyo Wanankhucha tunamjua kwa sababu watu hawakuacha kumsimulia.

Miaka ya 1980 mtafiti wa Kiitaliano, Francesca Declich, akaenda kukaa nao. Aliwasikiliza sana wanawake, akaandika historia na ngoma zao. Bahati nzuri aliwahi, maana 1991 serikali ya Siad Barre ilianguka, vita ikafika vijijini kwao na watu wakatawanyika. Wengine Kenya, wengine baadaye Marekani, na wengine wakarudi Handeni, ardhi ya mababu. Wengi wao wameshapewa uraia wa Tanzania.

Ndo nikajifunza kitu. Ngoma inaishi watu wakiwa pamoja. Wakitawanyika, kilichoandikwa kinasaidia kuikumbuka. Lakini ikirekodiwa tu bila mtu wa kuicheza, inabaki imelala kwenye simu. Vyote viwili vinahitajika.

Niseme ukweli, hii stori iliniuma. Bibi yangu alikuwa anaimba akitwanga mahindi. Simu nilikuwa nayo. Nilimpiga picha kibao, nikapost, nikapata na like zangu. Wimbo hata mmoja sikurekodi. Alifariki mwaka juzi, na mimi nakumbuka vipande vipande tu, maneno ya katikati yamepotea.

Yaani watu walipelekwa utumwani wakatunza ngoma zao zaidi ya miaka 100. Mimi niliyebaki nyumbani nimepoteza za bibi yangu ndani ya miaka miwili.

Kama wako bado yupo, mpigie leo. Mwambie akuimbie, rekodi, halafu jifunze uimbe naye.

Kwenu kuna wimbo gani wa kutwanga, wa mavuno au wa kubembeleza mtoto? Tuambie hapo chini, na nani bado anaujua wote.